Hadithi ya kutisha iliyopotea mtandaoni: itafute, lakini usifungue faili la mtu

Swali: "Mwalimu, hujambo. Mwaka 2008 hivi, nikiwa kidato cha tatu, nilisoma hadithi ya kutisha katika saiba moja pale Tom Mboya Street. Ilikuwa kwa Kiingereza: shajara ya mlinzi wa usiku katika jengo lenye orofa ambayo lifti haina kitufe chake. Ukurasa ulikuwa mweusi, maandishi ya kijani. Dakika zangu ziliisha kabla sijaimaliza, na jina lake silikumbuki. Nimeitafuta tangu hapo. Sasa kuna mtu katika kikundi cha Telegram anayesema anayo yote hadi sura ya mwisho, imo ndani ya faili lenye nywila, na ameniambia nizime antivirasi kabla ya kulifungua kwa sababu 'inaisoma vibaya'. Laptop ninayotumia ni ya ofisi. Nafanya kazi ya uhasibu. Wengine kikundini wanasema hadithi yenyewe ina laana, kwamba kila anayeimaliza hupatwa na jambo. Mdogo wangu wa miaka 15 naye ameanza kuitafuta kwa simu yangu. Je, kuna hatari? Na nitaipataje?" Msomaji, Umoja, Nairobi.

Jibu: Dada yangu, faili hilo usilifungue. Naanza na hilo kwa sababu huenda huyo mtu anakungoja usiku huu. Kama umelipakua na bado hujaligusa, lifute, kisha uliondoe hata kwenye pipa la taka la kompyuta. Kama umeshalifungua, nimeeleza mbele kidogo la kufanya. Ulifanye kwanza, haya mengine utayasoma baadaye.

Hadithi ni maneno, na maneno hayasakinishwi. Mtu aliye na hadithi ya kurasa 100 anaweza kukubandikia kwenye gumzo, kukutumia kwa barua pepe, au hata kupiga picha kurasa moja moja. Nywila ni ya nini? Na antivirasi yako inamhusu nini? Ni sawa na mtu anayekuletea barua mlangoni lakini anataka kwanza ufunge mbwa. Mjibu hivi: "Asante, nibandikie hapa aya tatu za mwanzo." Mwenye nayo atakubandikia kwa dakika moja. Asiye nayo ataanza maelezo: kwamba lazima uione ilivyo, kwamba aliahidi kutoisambaza, kwamba wengine wote waliifungua bila shida. Akianza hivyo, huna haja ya kuendelea naye.

Tulitazame faili lenyewe kwa karibu. Tuseme hadithi ina sura 30, kila sura maneno 2,000. Hayo ni maneno 60,000, na kwa maandishi matupu ya Kiingereza hayafiki nusu megabaiti. Faili ulilopewa lina ukubwa gani? Likiwa na megabaiti 80, jiulize hizo nyingine ni za nini. Wapo wanaolijaza sifuri tupu hadi lifike mamia ya megabaiti, kwa kuwa antivirasi nyingi huruka faili kubwa mno bila kulikagua. Nywila nayo ina kazi yake: faili lililofungwa kwa nywila haliwezi kuchunguzwa ndani likiwa njiani, kwa hiyo mara nyingi linapita kwenye barua pepe na kwenye Telegram bila kuulizwa. Ukilifungua huenda ukute kitu kinachoitwa sura_ya_mwisho.pdf, na alama ya PDF unayoijua. Ila Windows, isipobadilishwa mipangilio, huficha herufi za mwisho za jina la faili. Jina kamili ni sura_ya_mwisho.pdf.exe, na hiyo ni programu. Ukiibofya mara mbili, inaanza kazi.

Kinachotoka humo siku hizi mara nyingi ni programu ya wizi wa taarifa. Haiharibu kitu wala haionyeshi fuvu kwenye skrini. Inafanya kazi dakika chache tu: inakusanya nywila zote ulizohifadhi kwenye kivinjari pamoja na vidakuzi, vile vijifaili vinavyoifanya barua pepe ikutambue bila kukuuliza nywila kila asubuhi, halafu inavituma kwa mwenyewe. Aliye na vidakuzi vyako anaweza kuingia kwenye barua pepe yako kama wewe, hata kama umeweka uthibitisho wa hatua mbili. Mwezi Mei 2025 Microsoft ilitangaza kwamba programu moja ya aina hiyo, iitwayo Lumma, ilikuwa imeingia katika kompyuta zaidi ya 394,000 za Windows ndani ya miezi miwili. Na laptop yako, dada, ni ya ofisi ya uhasibu. Humo mna mishahara ya watu, namba zao za kitambulisho, akaunti zao. Zikivuja kwa namna inayoweza kuwadhuru, Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inamtaka mwajiri wako aiarifu ofisi ya Kamishna wa Data ndani ya saa 72. Hutaki mazungumzo hayo yaanze kwa "nilikuwa natafuta hadithi".

Kama ulilifungua: zima Wi-Fi ya laptop hiyo sasa hivi, wala usiitumie kubadilisha nywila yoyote. Chukua kifaa kingine unachokiamini, anza na barua pepe, kwa sababu ndiyo inayofungua akaunti nyingine zote. Badilisha nywila yake, kisha utafute mahali pa kuondoa vifaa vyote vilivyoingia. Hatua hiyo ndiyo inayoua vidakuzi vilivyoibwa, na wengi huisahau. Baada ya hapo benki, halafu mitandao ya kijamii. Kesho asubuhi mwambie mtu wa kompyuta ofisini kwenu, na umwambie ukweli wote. Laptop ifutwe na kuwekewa Windows upya. Usiridhike na antivirasi inayosema imesafisha.

Kwa simu mambo ni mabaya zaidi, na hapa namfikiria mdogo wako. Tangu 2007 M-Pesa ilipoanza, simu ya Mkenya ni pochi yake. Akikutana na ukurasa unaomwambia apakue programu ya kusomea hadithi, faili la APK kutoka nje ya duka rasmi, programu hiyo itamwomba ruhusa ya Ufikivu, ile iliyotengenezwa kwa ajili ya watu wenye ulemavu. Akiikubali, programu inaweza kusoma kila kilicho kwenye skrini na kubonyeza kwa niaba ya mwenye simu. Ikipewa na ruhusa ya kusoma ujumbe mfupi, namba za uthibitisho za benki zinaiangukia mkononi. Nenda kwenye mipangilio, utafute sehemu ya kusakinisha programu zisizojulikana, uhakikishe kivinjari, Telegram na WhatsApp zote zimenyimwa ruhusa hiyo. Na kwa kompyuta, mwonye juu ya kurasa zinazosema "thibitisha wewe si roboti" kisha zinamtaka abonyeze alama ya Windows pamoja na R na kubandika kitu. Hakuna ukurasa halali unaoomba hivyo.

Kuna hatari nyingine ambayo watafutaji wengi hawaitaji, na mimi naiona kubwa kuliko wizi. Mwaka 2015 chaneli moja ya YouTube ilionyesha mchezo wa kompyuta uitwao Sad Satan, ikidai umetoka pembe za giza za intaneti. Watu wakautafuta kwa pupa. Muda si muda nakala ikaanza kuzunguka kwenye 4chan, ukumbi wa mtandaoni ambako watu huandika bila majina, na walioifungua walikuta programu hasidi pamoja na picha halisi za watoto wakidhulumiwa. Walitafuta kitisho cha kubuni, wakaletewa mateso ya kweli ya watoto wa kweli, tena yakaingia kwenye kompyuta zao. Hapa Kenya, chini ya Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta na Uhalifu wa Mtandao ya mwaka 2018, kupakua picha kama hizo au kuwa nazo ni kosa, na kifungo kinaweza kufika miaka 25. Ukikutana na kitu cha namna hiyo, funga, usihifadhi, na usimtumie mtu yeyote hata kama nia yako ni kuonya wengine, maana kumtumia mwenzako ni kusambaza. Piga simu 116, namba ya bure ya kusaidia watoto, au uripoti kwa DCI.

Kwa nini matapeli wanapenda wawindaji wa hadithi zilizopotea? Kwa sababu mnatafuta maneno ambayo hayana majibu. Ukiandika "bei ya unga" kwenye Google, kurasa halali ni nyingi hata tapeli hapati nafasi. Ukiandika jina la hadithi ambayo hakuna anayeihifadhi, ukurasa wa kwanza kujitokeza unaweza kuwa umetengenezwa wiki iliyopita kwa ajili yako. Anasoma vikundi vyenu, anajua mnaita nini, anajua mmekosa sura ipi. Huyo wa Telegram hakubahatisha kusema "hadi sura ya mwisho". Ulikuwa umeshaandika kikundini kwamba hukuimaliza, sivyo?

Sasa laana. Hadithi hizi, ambazo vijana huziita kripipasta, hutungwa makusudi zisionekane kama hadithi. Zinaandikwa kama shajara, kama barua, kama watu wazima wanaokumbushana jambo. Ted the Caver, mojawapo ya zile za mapema zilizosifika, ilianza mwaka 2001 kwenye ukurasa wa Angelfire ikiwa kumbukumbu za mtu anayepanua tundu la pango, tarehe baada ya tarehe, pamoja na picha. Candle Cove ya Kris Straub, ya mwaka 2009, ni mazungumzo ya watu wanaokumbuka kipindi cha watoto cha runinga ambacho hakijawahi kuwapo. Ule uvumi kwamba anayeimaliza hadithi yako hupatwa na jambo umetoka kwenye ufundi uleule. Nasi tulikuwa nao kabla ya intaneti: yule mwanamke wa Mombasa mwenye kwato, anayeomba lifti usiku, kila mara alionwa na binamu wa rafiki ya mtu.

Maandishi hayaui. Kinachoweza kuumiza ni mtu aliye peke yake na fikra zake. Slender Man alizaliwa tarehe 10 Juni 2009 mbele ya macho ya watu wote, katika shindano la kuhariri picha kwenye tovuti ya Something Awful, na aliyemtunga, Eric Knudsen, anajulikana. Hata hivyo tarehe 31 Mei 2014, mjini Waukesha katika jimbo la Wisconsin, Marekani, wasichana wawili wa miaka 12 walimchoma mwenzao kisu mara 19 kwa imani kwamba wanamridhisha kiumbe huyo. Yule aliyechomwa alipona. Mahakama ilikubali kwamba wawili hao walikuwa na maradhi ya akili, wakapelekwa kwenye taasisi ya matibabu badala ya gereza. Kwamba mtunzi wake anajulikana hakukutosha, kwa sababu wao waliamini kwamba kiumbe huyo yupo. Ndiyo maana swali lako kuhusu mdogo wako nalichukulia kwa uzito.

Tuje kwenye kuitafuta. Na utafute kwa kweli, sitaki uache. Kabla hujamuuliza mtu mwingine yeyote, kaa na karatasi uandike yote unayoyakumbuka, na pembeni ya kila jambo uandike kama una hakika nalo au unadhani tu. Mwaka 1995 wanasaikolojia Elizabeth Loftus na Jacqueline Pickrell walichapisha jaribio ambalo watu 24 walipewa visa vinne vya utoto wao, vitatu vya kweli vilivyotoka kwa jamaa zao na kimoja cha kubuni, kwamba waliwahi kupotea dukani. Karibu robo yao walikikumbuka hicho cha kubuni, wengine kwa undani. Wewe umekuwa kwenye kikundi ambacho watu wanakisia kila siku. Kile kitufe cha lifti, ulikisoma mwaka 2008 au ulikisoma juzi katika ujumbe wa mtu? Jitenge nao kwa muda, uandike, halafu utajua.

Wala usikubali kuambiwa uliota. Oktoba 2000 kituo cha Nickelodeon kilionyesha filamu ya kutisha ya watoto, Cry Baby Lane, kisha ikatoweka. Walioitazama walibezwa kwa miaka, hadi mwaka 2011 nakala iliyorekodiwa nyumbani kwenye kanda ilipojitokeza.

Mambo yenye thamani kwenye karatasi yako hayatakuwa yale unayofikiri. Ukurasa mweusi na maandishi ya kijani ulikuwa mtindo wa miaka ile, hauitofautishi hadithi yako na kurasa elfu nyingine. Mlinzi na shajara ni afadhali. Sentensi moja kamili, hata fupi, ni bora kuliko hayo yote: iweke ndani ya alama za kunukuu na uitafute kwenye Google, kwenye Bing, kisha kwenye Marginalia na Wiby, injini ndogo zinazopenda kurasa za zamani za maandishi ambazo wakubwa hawazipi tena nafasi.

Ukipata anwani, hata nusu yake, nenda Wayback Machine ya Internet Archive, ghala la mtandaoni la nakala za kurasa za zamani. Hiyo haitafuti sentensi iliyo ndani ya hadithi, inataka anwani. Ukiiandika utaona juu mstari wa miaka, na chini yake kalenda nzima yenye vitone kwenye siku ambazo nakala ilichukuliwa. Kitone cha buluu ni ukurasa uliopatikana, cha kijani ni ukurasa uliokuwa ukielekeza kwingine, cha machungwa ni ukurasa uliokosekana siku hiyo. Watu wengi hubofya kitone cha mwisho. Anza na cha kwanza cha buluu, kwa sababu cha mwisho mara nyingi ni cha wakati anwani imeshanunuliwa na mtu mwingine. Sura ya nne isipofunguka, rudi kwenye kalenda ujaribu tarehe nyingine. Kila ukurasa ulichukuliwa siku yake, na mara nyingi kilichokosekana Machi kipo Agosti.

Hiyo habari ya anwani kununuliwa ina uzito wa kiusalama pia. Mwenye tovuti ya mwaka 2008 asipolipia jina lake, linarudi sokoni, na mara nyingi wanaolinunua ni watu wa kamari na wa programu hasidi, kwa sababu wanajua viungo vya zamani bado vinawaleta wageni. Kwa hiyo anwani ya zamani ifungulie ndani ya Wayback, usiibandike moja kwa moja kwenye kivinjari. Na hata ndani ya Wayback soma tu. Faili la programu lililohifadhiwa mwaka 2006 likiwa na virusi, bado lina virusi vyake vya mwaka 2006.

Kama huna anwani kabisa, fikiria zilikokuwa zikiishi. GeoCities, huduma iliyowapa watu kurasa za bure, ilianza mwaka 1994, ikagawa wakazi wake katika mitaa, na Area51 ulikuwa mtaa wa hadithi za kisayansi na mambo ya ajabu. Yahoo iliinunua mwaka 1999 na kuifunga tarehe 26 Oktoba 2009, ila wanaharakati wa Archive Team walikuwa wameshaokoa sehemu kubwa. Ukiweka geocities.com/Area51/ na nyota mwishoni, Wayback inakupa orodha ndefu ya kurasa zilizohifadhiwa. Tafuta zenye maneno kama "links" au "stories" katika anwani: wapenzi wa hadithi walikuwa na desturi ya kuorodhesha kurasa za wenzao, na orodha hizo ndizo zinazokufikisha. Kazi hii inachosha, lakini inazaa matunda. Ile picha ya vyumba vya manjano iliyoanzisha hadithi ya Backrooms kwenye 4chan mwaka 2019, watu walihangaika nayo hadi mwaka 2024, walipoikuta katika nakala ya Wayback ya tovuti ya duka moja mjini Oshkosh, Wisconsin. Ilipigwa mwaka 2002 wakati jengo likikarabatiwa.

Halafu tafuta nyumbani. Mwaka 2008 Kenya haikuwa na waya wa intaneti wa baharini. SEACOM na TEAMS zilianza kazi mwaka 2009, na kabla ya hapo tulitegemea setilaiti, ghali na ya polepole. Saiba ilikuwa ya kuhesabu dakika, kwa hiyo aliyependa kitu alikihifadhi kwenye disketi au flashi, au alikichapisha akakisome bwenini. Waulize wenzako wa shule wenye flashi za zamani. Ukurasa uliohifadhiwa wakati huo ni faili lenye mwisho wa .htm, na pembeni yake folda yenye jina lilelile likiishia na _files. Usilibofye, lifungue kwa Notepad. Internet Explorer ilikuwa na tabia ya kuandika karibu na juu kabisa maneno "saved from url=" yakifuatiwa na anwani ulikotoka ukurasa. Hata kama hadithi imekatika, anwani hiyo unaipeleka Wayback.

Hapa niseme linaloniuma. Utafiti wa Pew, kituo cha utafiti cha Marekani, uliotolewa mwaka 2024 ulikuta asilimia 38 ya kurasa zilizokuwapo mwaka 2013 hazipatikani tena miaka 10 baadaye, na hizo ni kurasa za wazi ambazo mashine zinaweza kuzifikia. Zetu je? Januari 2008, vurugu za baada ya uchaguzi zilipopamba moto, David Kobia aliufunga ukumbi wake wa mtandaoni wa Mashada kwa sababu ya chuki zilizojaa humo, akafungua tovuti ya I Have No Tribe. Naamini alifanya jambo sahihi. Lakini ukumbi ukifungwa, hufungwa na kila kilichomo. Leo visa vya wanaokimbia usiku, vya shule za bweni zenye kitanda kisicholaliwa, vya matatu ya mwisho kutoka mjini, vinasimuliwa kwa Kiswahili na Sheng ndani ya vikundi vya WhatsApp, vingi kwa sauti. Wayback haiingii humo. Simu ya msimamizi wa kikundi ikiibwa pale Archives mjini Nairobi na hana nakala, huenda usimulizi wake wa miaka umekwenda nayo. Unaitafuta hadithi ya Kiingereza uliyoisoma mwaka 2008. Ukiwa njiani, hifadhi basi na hizi zetu. WhatsApp ina sehemu ya kuhamisha gumzo, inatoa maandishi matupu, na ukichagua kujumuisha midia inatoa na sauti. Muombe msimulizi ruhusa, uandike jina analotaka liandikwe na tarehe, uweke nakala mahali pawili.

Na ukimpata mwandishi wa hadithi yako, mwendee taratibu. Nyingine hazikupotea, zilitolewa na wenyewe. Kwenye NoSleep, ukumbi wa hadithi za kutisha ndani ya tovuti ya Reddit ulioanza mwaka 2010, mwandishi hubaki na haki ya kazi yake, na anayeuza hadithi kwa mchapishaji au kwa watu wa filamu huwa anaifuta pale. Basi kitafute kitabu ukinunue. Wengine walikuwa watoto wa shule walipoandika, sasa ni watu wazima wenye kazi na familia, na hawataki kukumbushwa. Mwandikie ujumbe mmoja wa heshima, umweleze ulichokipenda. Asipojibu, muache. Usiweke jina lake halisi kikundini hata kwa furaha. Nimeona watu wakitafutwa hadi kazini kwao kwa sababu ya kitu walichoandika wakiwa na miaka 16.

Kuhusu mdogo wako, usimkataze. Kijana wa kidato akikatazwa atatafuta usiku chini ya blanketi, kwa simu ya rafiki usiyemjua. Mpe kazi ya kweli katika msako huu: mpe ile orodha ya Area51, kwenye kompyuta isiyo ya ofisi, iliyo sebuleni, awe anakagua kurasa za mwaka 2005 hadi 2009 na kuandika kwenye daftari anwani zilizofunguka na zilizogoma. Someni pamoja mtakazozipata, na umuulize alivyolala. Akianza kuogopa kuwa peke yake, kukosa usingizi siku nyingi, au kusema kuna mtu anamwambia afanye jambo, simamisheni msako na umpeleke kwa daktari au mshauri wa shule bila kungoja. Kwa sasa toka kwenye kikundi kile, umzuie yule mtu, na simu yenye M-Pesa yako irudi mkononi mwako.